Kitabu si Waraka: Maneno juu ya Mashairi ya Kiingereza na Wale Wayapimao
(Yalisomwa mbele ya wanachama, Temeke)



Mwatujua sisi tunaosimama mbele yenu jioni hii. Tu watu watatu, wote makarani, wawili wa Temeke na mmoja wa Kinondoni, wala hapana kati yetu aliyepata kukaa katika chuo kikuu akafundishwa mashairi. Kamati ilitutaka tueleze habari za vitabu vya Kiingereza ambavyo tumekuwa tukivisoma kwa muda wa mwaka mzima. Navyo ni vya namna mbili: vitabu vya mashairi yenyewe, na vitabu vya uhakiki, yaani vile ambavyo mwandishi wake hatungi shairi bali huyapima mashairi ya wenzake, akasema lipi zuri, lipi baya, na kwa sababu gani. Twashukuru kwa heshima hii. Tutanena tuliyoyaona, na pale tulipokosa tutakiri, maana wengine wenu mlikuwapo tulipokosa.

Mwanzo wa jambo hili ni gunia. Kijana mmoja auzaye vitabu vikuukuu kando ya njia alikuwa ametandaza gunia lake, na juu yake vitabu vya hesabu, riwaya zilizopotewa na kurasa, na mkusanyo wa mashairi ya Kiingereza usio na jalada. Tukaununua kwa bei isiyofika ya sahani ya wali. Chini yake palikuwa na kitabu cha pili, cha uhakiki, ambacho kijana yule alitupa kama nyongeza kwa kuwa, kwa maneno yake mwenyewe, hapana aliyepata kukiulizia.

Msicheke gunia, waungwana. Mwaka 1859 Mwingereza mmoja, Edward FitzGerald, alipiga chapa huko London kitabu chembamba cha mashairi aliyoyafasiri kutoka Kiajemi, ya Omar Khayyam, mtaalamu wa hesabu na nyota aliyefariki tangu karne ya 12. Nakala zilikuwa 250 tu, na hazikununuliwa. Mwenye duka akazitupa katika sanduku la nje ya mlango, kila moja kwa peni moja. Mwaka 1861 wapitao njia wakaziokota, zikafika mikononi mwa washairi, na tangu hapo kitabu hicho kikaenea duniani. Kilienea hata kikafika kwetu. Mswahili mmoja aliyeanza ukarani wa forodha mwaka 1926, akautumikia ukarani miaka mingi, alikisoma kwa Kiingereza akakitia katika lugha yetu. Na mwaka 1952 kikatoka kwa jina la Omar Khayyam kwa Kiswahili. Karani huyo ni marehemu Shaaban Robert. Basi kutoka Uajemi hadi sanduku la peni moja, na kutoka sanduku hilo hadi meza ya karani wa Tanganyika, ndiyo safari ya shairi. Nasi tulipoinama juu ya gunia lile hatukuona haya.

Haya tuliyaona baadaye.

Ndugu zetu, sisi makarani tuna tabia moja tuliyoipata kazini. Waraka ukija twaupiga muhuri wa tarehe, twauandika katika daftari, twausoma, twautia jaladani, kisha twatenda kama usemavyo. Karani hauulizi waraka, "Je, wasema kweli?" Akiuliza hivyo ataulizwa na yeye. Tabia hii ni njema kwa kazi, lakini tuliichukua nzima nzima tukaenda nayo kwenye kitabu cha uhakiki. Mwandishi aliposema mshairi fulani ni bora, tuliandika katika daftari: bora. Aliposema fulani ni dhaifu, tuliandika: dhaifu. Tukawa na orodha nzuri iliyopigwa mistari kwa rula, na mashairi yenyewe tulikuwa hatujayasoma ila machache.

Hata siku moja mwenzetu mmoja akasimama hapa hapa barazani, akamsifu Milton kwa maneno marefu. Alisema ana utukufu, ana sauti kama ya kinanda kikuu, na mengine ya namna hiyo. Mzee wetu mmoja, mstaafu, alisikiliza kwa adabu mpaka mwisho. Kisha akasema, "Mwanangu, nimefurahi. Sasa hebu tusomee kidogo cha huyo bwana, nasi tusikie." Mwenzetu akanyamaza. Hakuwa na hata mstari mmoja, si kichwani wala mfukoni. Mzee akasema, "Kumbe wausifu wali kwa harufu ya nyumba ya jirani."

Tulirudi nyumbani kimya. Yafaa kusema kwamba mzee yule hakutukataza kusoma. Alitutaka tule wenyewe. Tukauacha ule uhakiki kwa miezi mitatu, tukashika mashairi.

Hapo tukaangukia kosa la pili, nalo ni kinyume cha lile la kwanza. Mwajua kwamba mtu aliyelelewa Uswahilini ana mizani masikioni kabla hajajua kusoma. Shairi letu ni beti za mistari minne, kila mstari una mizani 16, nane huku na nane huku, na vina vya kati na vya mwisho. Utenzi una mizani nane kwa kila mstari, mistari mitatu ya kwanza hukubaliana kwa kina, na wa nne hubeba kina cha utenzi mzima. Marehemu Sheikh Kaluta Amri Abedi aliziweka kanuni hizi wazi katika kitabu chake cha mwaka 1954, nasi tuliomsoma twazishika kama nguzo za nyumba. Basi tukamfungua Shakespeare, tukahesabu kwa vidole kama tulivyozoea. Tukapata silabi kumi, pengine kumi na moja. Tukatafuta vina mwisho wa mistari, na katika kurasa nyingi hatukuviona. Wenzetu wawili wakatoa hukumu pale pale: hili si shairi, ni maneno ya kawaida yaliyokatwa vipande.

Ilitupasa kurudi kwenye kitabu cha uhakiki ili tuelewe, na safari hii tulikiuliza kama mtu amwulizavyo fundi. Kikatueleza kwamba sikio la Mwingereza halihesabu silabi peke yake. Lasikia silabi nyepesi ikifuatwa na nzito, kisha nyepesi na nzito, mara tano katika mstari, kama mapigo ya ngoma. Katika Kiswahili uzito wa neno hukaa karibu daima kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, nao hauhami. Katika Kiingereza huhamahama, pengine mwanzo wa neno, pengine mwisho, na mshairi wao huchezea kuhama huko. Kumbe Shakespeare alikuwa na mizani yake. Sisi tulimpima kwa pishi ambayo si yake. Na hapa twasema wazi, bila kumwonea mtu: Mzungu aliyesoma tenzi zetu kwa sikio la kwao akaona zinarudia sauti moja kama maji ya bomba, alifanya kosa hili hili.

Lakini jambo lililotushangaza kuliko yote lilikuwa bado. Tulidhani Waingereza wenyewe wamekubaliana. Hawakukubaliana hata kidogo! Milton alitoa utenzi wake mkuu, Paradise Lost, mwaka 1667, bila vina. Wasomaji wakauliza kulikoni, na mwaka uliofuata akaongeza maelezo ya kuvishutumu vina, akidai vilibuniwa na zama zisizostaarabika. Karne moja ikapita. Dkt. Samuel Johnson, mhakiki mwenye sauti kubwa kuliko wote wa wakati wake, akaandika maisha ya washairi kati ya 1779 na 1781. Akamheshimu Milton kwa Paradise Lost, lakini hakuficha kwamba mashairi yasiyo na vina hayampendezi, na shairi lingine la Milton, lile la kumwombolezea rafiki aliyezama baharini, akalibeza vibaya. Tena Wordsworth na Coleridge walikuwa marafiki, wakatoa kitabu kimoja pamoja mwaka 1798. Wordsworth akaandika dibaji katika chapa ya 1800 kwamba lugha ya shairi iwe ile isemwayo na watu kwa kweli. Mwaka 1817 rafiki yake mwenyewe akasimama na kitabu kizima kuonyesha wapi dibaji ile imepotoka.

Tuliposoma hayo tukatazamana. Kumbe uhakiki si waraka! Ni baraza. Huyu asema, yule ajibu, na wa tatu aliye kimya kibarazani aweza kusimama akasema, "Mimi sikubali, na sababu yangu ni hii." Tangu jioni ile tuliichoma orodha yetu iliyopigwa rula. (Mwenzetu wa Kinondoni aliihifadhi nakala, lakini asema ni kwa kumbukumbu tu.)

Na baraza kama hilo tunalo sisi. Wengi wenu mwakumbuka, au mmesimuliwa, zogo la miaka ya 1970. Euphrase Kezilahabi alitoa Kichomi mwaka 1974, mashairi mengi yasiyofuata vina wala mizani ya desturi. Mulokozi na Kahigi wakatetea njia hiyo katika Kunga za Ushairi na Diwani Yetu, mwaka 1979. Wengine, wenye elimu na heshima, wakajibu kwamba kitu kisicho na vina na mizani kisiitwe shairi la Kiswahili. Sisi watatu hatukubaliani mpaka leo. Mmoja asema vina ndivyo uti wa mgongo. Mmoja asema uti wa mgongo ni fikira. Wa tatu asema twala chakula kwanza. Lakini twaona jambo moja: wale waliodhani ugomvi huu ni ugonjwa ulioletwa na usomi wa kigeni wajue kwamba wageni nao waligombana kwa jambo hilo hilo zaidi ya miaka mia tatu iliyopita, wala ushairi wao haukufa.

Mfano wa mtu aliyeingia nyumba zote mbili ni Mwalimu Nyerere. Mwaka 1963, hali akiwa Rais, alitoa tafsiri yake ya Julius Caesar; akairekebisha ikatoka tena mwaka 1969 kwa jina la Juliasi Kaizari, na mwaka huo huo akatoa Mabepari wa Venisi. Humo hakutia vina, kwa maana Shakespeare mwenyewe sehemu kubwa hakutia. Lakini alipozitunga Injili katika Kiswahili, zikapigwa chapa mwaka 1996, alishika utenzi na vina vyake. Mtu mmoja, mikono miwili, kila mkono na kazi yake. Hatukuona katika kazi yake dalili ya kuwa aliionea haya pishi ya kwao wala ya wageni.

Sasa tuseme habari ya jaribio letu, maana baadhi yenu mwalilalamikia bado. Tulisoma kwamba I. A. Richards, mwalimu wa Cambridge, aliwapa wanafunzi wake mashairi bila majina ya watungaji wala tarehe, akawaambia waandike waonavyo. Majibu aliyatia katika kitabu mwaka 1929, juu ya mashairi 13. Na hao walikuwa vijana waliochaguliwa kusoma Kiingereza katika chuo chenye sifa! Wengi walilitupa shairi la John Donne. La Longfellow, aliyepata kushangiliwa pande zote mbili za bahari, walilidhihaki. Jina likiondolewa, msomaji hana fimbo ya kuegemea.

Nasi tukapiga chapa mashairi sita, matatu ya Kiingereza na matatu ya Kiswahili, tukayagawa hapa bila majina. Mlioshiriki mwajua yaliyotokea. Moja la Wordsworth liliandikiwa kwamba limetungwa na mtoto wa shule. Na moja la Shaaban Robert lilikosolewa vikali na ndugu yetu ambaye kwa miaka yote ametuambia amemsoma Shaaban Robert wote. Hatutamtaja, yeye mwenyewe amecheka, ingawa si siku ile. Twataka kusema kwamba hakufanya aibu. Aliandika kwamba beti ya tatu yarudia ya pili bila kuongeza kitu, nasi tulipoisoma tena, wawili kati yetu tuliona ana haki. Ilikuwa mara ya kwanza kumsikia ndugu yetu akisema neno lake mwenyewe juu ya mshairi yule.

Tumeulizwa na wanachama, na swali ni la haki: karani ana watoto, ana nauli ya daladala asubuhi na jioni, Kiingereza cha barua chamtosha, mashairi ya Waingereza yatamfaa nini? Hayatampandisha cheo, hilo twakiri. Hatujapata mkuu wa ofisi aliyeuliza habari za Coleridge. Lakini zamani shairi la Kiswahili likisomwa redioni tulikuwa twasema, "Vina vimekaa," tukaishia hapo. Siku hizi twaulizana: je, kibwagizo hiki chafanya kazi, au kimewekwa kujaza mstari? Neno hili la kale limeletwa kwa maana, au kwa kuwa mizani ilipungua mbili? Mmoja wetu amerudi kwenye utenzi aliofundishwa na bibi yake, akaona humo mambo ambayo miaka arobaini alikuwa akiyaimba tu. Haya ndiyo tuliyoyapata.

Yamebaki ya sanduku. Vitabu vya chama ni 11, viko kwa Bwana Katibu, navyo huazimwa kwa majuma mawili. Atakaye zaidi aende Maktaba Kuu ya Taifa mjini, ambayo imekuwa wazi tangu mwaka 1967. Atakayeazima kitabu cha uhakiki hapa kwetu ataazima pamoja nacho kitabu cha mashairi kinachozungumziwa humo, wala hatapewa kimoja peke yake. Kamati imekwisha kukubali. Kile cha gunia kisicho na jalada tumekishona kwa uzi na kukibandika karatasi ngumu ya jalada la ofisi, lililokwisha kutumika. Tafadhali kisifunguliwe kwa nguvu, mshono wake bado ni mpya.