Wao Walisoma, Sisi Tulisikia

 

Ndugu zangu wa Toronto, nimepewa dakika chache nimzungumzie mtengenezaji filamu Amil Shivji. Kijana huyu alizaliwa Dar es Salaam, akaja hapa hapa kusomea filamu katika Chuo Kikuu cha York. Angeweza kubaki. Sote humu tunaijua hesabu hiyo, na simlaumu mtu, maana hata mimi nimebaki. Yeye alirudi, akaanzisha kampuni yake na kuiita Kijiweni. Wazazi wetu walitukataza kukaa vijiweni na vijana wasio na kazi. Yeye alikwenda huko huko kutafuta hadithi.

Mwaka 2013 akatoa Shoeshine, filamu fupi ya kijana anayepiga viatu rangi mtaani. Mwaka 2017, filamu yake T-Junction ikafungua tamasha la filamu la ZIFF kule Zanzibar.

Lakini moyo wangu uko kwenye Vuta N'kuvute. Ameitoa kwenye riwaya ya Adam Shafi, ile ambayo baadhi yetu tuliisoma kidato cha tano na sita. Ni Zanzibar ya miaka ya 1950, Mwingereza bado anatawala. Yasmin, msichana wa Kihindi, anamkimbia mume aliyeozwa bila ridhaa yake. Anakutana na Denge, kijana aliyejitoa kupigania uhuru, na mapenzi yao yanaingia kwenye vita vya nchi nzima. Septemba 2021 filamu hiyo ilionyeshwa kwa mara ya kwanza duniani kwenye tamasha la filamu la Toronto, TIFF, katika mji huu huu aliosomea. Mwaka uliofuata Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar.

Nilipokwenda kuitazama, nilikwenda na binti yangu, mzaliwa wa hapa. Kiswahili nimekuwa nikimnywesha kama mwarobaini. Ukumbini wenzetu walikuwa wakisoma maandishi chini ya picha. Katikati ya filamu akaniinamia sikioni: "Baba, mimi sisomi. Nasikia."

Ndugu zangu, filamu za namna hii hazina fedha za matangazo. Zikija mjini, nunueni tiketi, na watoto msiwaache nyumbani.

Binti yangu sasa anaitaka riwaya yenyewe. Nakala yangu imechakaa, kurasa za mwisho zimechomoka. Mwenye nakala nzima, tafadhali, anione wakati wa chakula.