Rubani Asijue Anayemfuata

Katika vituo vingi vya helikopta za wagonjwa nchini Marekani, rubani akipigiwa simu ya dharura haambiwi mgonjwa anaumwa nini. Huambiwa pa kumchukua na pa kumpeleka, basi. Akishajua kwamba anayesubiri ni mtoto aliyegongwa na gari, wingu zito huanza kuonekana jepesi.

Tahadhari hiyo ina sababu. Kati ya Desemba 2007 na Oktoba 2008, helikopta hizo zilipata ajali 9 za vifo, watu 35 wakapoteza maisha. Wachunguzi wamekuwa wakikuta yaleyale: giza, ukungu, na rubani aliye peke yake ambaye ghafla haioni ardhi. Mwaka 2014 mamlaka ya usafiri wa anga, FAA, ikaagiza helikopta hizo zifungwe kifaa kinachomwonya rubani anapokaribia kilima au mnara, na hatari zipimwe kwa maandishi kabla ya kuruka.

Sheria ilikuwa nzuri. Lakini asubuhi ya Januari 29, 2019, hospitali moja ya Pomeroy, jimboni Ohio, ilihitaji kumhamisha mgonjwa. Kampuni mbili zilikataa kwa sababu ya hali ya hewa. Ya tatu, Survival Flight, ikakubali.

Aliyekubali ni rubani wa zamu ya usiku. Aliyeruka ni mwenzake wa zamu ya mchana, na hatari hazikupimwa. Helikopta, aina ya Bell 407, ikaingia kwenye theluji na kuanguka msituni karibu na Zaleski. Rubani, muuguzi na mhudumu wa dharura wakafa. Mgonjwa hakuwamo, ndiye waliyekuwa wakimfuata. Bodi ya uchunguzi, NTSB, iliona kosa katika uongozi wa kampuni, uliolea mazoea ya kupuuza usalama.

Ni haki kabisa, msikilizaji, kampuni ibebe lawama hiyo. Hata hivyo, hospitali nayo ina sehemu yake, kwani anayepigiwa simu ya tatu huenda asijue kwamba wawili wamekataa. Daktari anayehangaika na mgonjwa mahututi hatakoma kutafuta usafiri, na hakuna wa kumlaumu kwa hilo. Anachoweza kufanya hakigharimu hata senti: kila anapopiga simu nyingine, neno lake la kwanza liwe ni nani amekwisha kukataa, saa ngapi, na aliona nini angani.