Ngoma, Bufumu na Bulogi: Neno na Ala katika Usukuma



Neno ngoma limeenea katika lugha nyingi za Kibantu. Katika Kiswahili hutaja ala, mchezo, na hata uganga wa pepo. Huko Bariadi, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu ulioanzishwa mwaka 2012, Wasukuma huipa ngoma uwezo zaidi ya sauti. Baada ya mavuno, Bagika na Bagalu, makundi yanayonasibishwa na waganga hasimu Ngika na Gumha, hushindana kuvuta watazamaji. Mwenye umati mkubwa ndiye mshindi. Ushindi huo huhesabiwa kuwa wa dawa sawa na wa ustadi.

Mfasiri aandikaye "ngoma ya kichawi" hapo hukosea. Kisukuma hutenga bufumu, yaani uganga, na bulogi, yaani uchawi. Kosa hilo si dogo, kwa maana katika Usukuma vikongwe wameuawa kwa kushukiwa uchawi, wengine kwa ajili ya macho mekundu yatokanayo na moshi wa jikoni. Kiswahili nacho kina maneno mawili. Mtunga kamusi hana budi kuyatenga, kwani jina analobandikwa mtu limewahi kumtoa roho.