Nani Aliyetangulia Kazini?

(Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wanachama)



Tumepewa nafasi kusema juu ya jambo livunjalo urafiki maofisini kuliko hata mshahara: ni nani mkubwa, yule aliyepandishwa kutoka chini, au yule aliyeingizwa moja kwa moja katika daraja la juu kwa mtihani? Na ili asiwepo mtu hapa atakayedhani kuwa asemwa yeye, tutatwaa mfano wa India, ambako watumishi wa Serikali wameshitakiana kwa habari hii miaka mingi.

Desturi ya huko ni kugawanya nafasi za daraja mafungu mawili, moja la waliopandishwa na moja la walioajiriwa upya. Mara nyingi majina yao hupangwa kwa zamu katika orodha ya ukubwa. Kwa karatasi jambo hili ni zuri. Lakini mtihani hucheleweshwa, nafasi hukaa wazi, na kazi haingoji. Ndipo mtumishi wa zamani huitwa akaambiwa akaimu. Hukaimu mwaka, na miaka mingi baadaye. Kisha huja kijana na cheti chake, naye huandikwa juu ya yule aliyemfundisha njia ya majalada.

Tusimdharau kijana huyo. Alishinda mtihani mbele ya wengi, na fungu lake limewekwa na kanuni. Kila kaimu akihesabiwa, fungu lile litabaki jina tu. Wala tusimdharau mzee. Kazi aliyoifanya ni ile ile, na lawama ni ile ile. Kwa nini miaka yake ihesabiwe kuwa si kitu?

Katika Bombay, kanuni za mwaka 1960 zilipima ukubwa wa manaibu injinia kwa siku ya kuthibitishwa kazini. Walioajiriwa moja kwa moja walithibitishwa mara walipomaliza muda wa kujaribiwa, bali waliopandishwa walingoja bila kujua mwisho. Mwaka 1977, katika shauri la Patwardhan, Mahakama ya Juu ya India iliitangua kanuni hiyo. Jaji Chandrachud alionyesha ya kuwa kuthibitishwa hakufuati uhodari wa mtu, wala kuwapo kwa nafasi ya kudumu. Basi hakuwezi kuwa kipimo cha haki.

Tarehe 2 Mei 1990 majaji watano wa mahakama hiyo walilikata shauri la chama cha mainjinia wa Maharashtra walioajiriwa moja kwa moja. Walisema kwamba aliyewekwa kwa kufuata kanuni, ukubwa wake huhesabiwa tangu siku ya kuwekwa. Aliyewekwa nje ya kanuni, kuziba pengo tu, muda wake hauhesabiwi. Lakini ikiwa taratibu haikufuatwa mwanzoni, naye akaendelea bila kukatizwa mpaka kazi yake ikahalalishwa kwa kanuni, muda ule huhesabiwa.

Hata hivyo ugomvi haukwisha. Mwaka 2012, katika shauri la wakaguzi wa kodi ya mapato, walioajiriwa moja kwa moja walipewa ukubwa wa mwaka ambao shughuli ya kuwaajiri ilianza, ingawa waliingia baadaye. Mwaka 2019, katika shauri la maofisa wa polisi wa Manipur, neno hilo lilitanguliwa: mtu hawezi kudai ukubwa wa siku ambayo alikuwa hajazaliwa katika kazi. Mwaka 2022 majaji wengine wakataka jambo litazamwe tena na baraza kubwa zaidi.

Ndugu, sisi tunajifunza nini? Kwanza, barua. Mali bila daftari hupotea bila habari. Anayeambiwa kukaimu na aombe maandishi yenye tarehe na kanuni iliyotumika. Pili, orodha ya ukubwa isomwe mara itolewapo, na mwenye kupinga apinge kwa kalamu mapema. Iliyokaa miaka mingi majaji husita kuigusa. Tatu, tusijigawe vyama viwili, cha wazee na cha vijana. Mama wa ugomvi huu ni kuchelewa kwa mitihani na kwa barua za kuthibitishwa. Dai la kwamba mambo hayo yafanywe kwa wakati wake, mzee na kijana waweza kulitia sahihi pamoja.