Ada ya Mtoto wa Muziki

(Maneno ya kamati ya fedha kwenye harambee ya mwaka, Moshi mjini)



Sisi wa kamati ya fedha tumezoea kuwaletea habari za saruji, mabati na bomba la maji. Leo tunarudisha ombi lililochekwa mwaka jana. Kijana wetu mmoja, mpiga tarumbeta kanisani, aliomba mfuko wa elimu umlipie ada akasomee muziki. Mzee mmoja akauliza, "Akimaliza atakula nota?" Ukumbi ukacheka, ombi likawekwa kando.

Swali la mzee ni la haki, maana fedha ni yake. Tumelitafutia jibu.

Yuko mtunzi wa Marekani aitwaye Christopher Tin, mzaliwa wa California, wazazi wake walitoka Hong Kong. Alisoma Chuo Kikuu cha Stanford, kisha Royal College of Music, London, akaingia kazi ya kutunga muziki wa filamu na matangazo. Rafiki aliyeishi naye chumba kimoja Stanford akawa msanifu wa mchezo wa kompyuta, Civilization IV, uliotoka 2005. Akamwomba Tin muziki wa kuufungulia. Tin akachukua maneno gani? Sala ya Bwana, kwa Kiswahili! Ile ile tunayosali kila Jumapili Machame, Kibosho, Marangu na Rombo. Wimbo ukaitwa Baba Yetu. Kwanza uliimbwa na kundi la wanafunzi wa Stanford, baadaye kwenye albamu yake ukaimbwa na Soweto Gospel Choir ya Afrika Kusini. Februari 2011 ukapata Grammy, wa kwanza kutoka mchezo wa kompyuta kupata tuzo hiyo. Albamu nayo ikapata yake usiku huo huo.

Tulitazame jambo hili kihesabu. Maneno ni ya sala. Lugha ni yetu. Alicholipia Tin ni shule: kujua kumwandikia kila mpigaji na kila sauti sehemu yake, kusimamia studio, kuusoma mkataba kabla ya kusaini. Mtunzi wa filamu mwenye mkataba mzuri hulipwa kwa kutunga, kisha hupata mirabaha kazi yake inaporushwa. (Kwaya zetu nyingi huuza CD mlangoni mwa kanisa, hesabu ikaishia hapo.)

Na hapa jirani, Momella, chini ya Mlima Meru, Wamarekani walikuja kupiga filamu ya Hatari! iliyotoka 1962. Muziki wake ni wa Henry Mancini, aliyepitia Juilliard, New York. Jina la filamu ni Kiswahili, tembo ni wetu, lakini mirabaha haikupanda basi la Moshi.

Vipaji tunavyo. Frank Humplick wa hapa Moshi na dada zake walirekodi santuri zilizovuma Afrika Mashariki miaka ya 1950. Tarumbeta zimo katika sharika zetu, urithi wa wamisionari wa Leipzig, na watoto wanazipiga bila hofu.

Shahada ya muziki inafundishwa Makumira, Usa River, si mbali na hapa. Tunapendekeza ada ilipwe chuoni moja kwa moja, isipitie mkononi mwa mtu, na matokeo ya kila mwaka yasomwe mbele yenu. Kijana naye asajili kazi zake COSOTA. Sheria ya hakimiliki ya mwaka 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote, na warithi wake miaka 50 baada yake. Wazee mnajua kihamba kikigawiwa wana watano kinabaki nini.

Wanaosomea uuguzi na ufundi hawatapunguziwa hata senti. Hii tunayoomba ni ahadi mpya. Daftari liko meza ya mlangoni, kwa mweka hazina msaidizi. Mtakaotuma kwa simu, tafadhali andikeni neno MUZIKI, tusije tukaichanganya na fedha ya bomba.