Ua la Zambarau Katika Mahindi Yetu
(Mazungumzo na vikundi vya kujisaidia)

Leo hatutazungumza habari za daftari la hesabu wala merigoraundi. Tuna mmea mmoja tu hapa mezani. Utazameni vizuri. Ni mfupi, unafika gotini au chini kidogo, na maua yake ni ya zambarau inayoelekea waridi. Mtoto akiuona shambani atauchuma ampelekee mama yake. Hata mezani kanisani, siku ya mavuno, tumewahi kuuona umetiwa kwenye chupa pamoja na maua mengine.

Wajaluo wanauita kayongo, Waluhya oluyongo, Watanzania kiduha. Jina lake la vitabuni ni striga. Watu wa Siaya, Busia, Vihiga na Homa Bay hawahitaji kuelezwa unafanya nini, maana wamelala njaa kwa sababu yake. Lakini tunaona vikundi vingi bado vinapigana nao kwa njia isiyofaa. Basi tuanze na tabia zake.

Kayongo si gugu la kawaida. Magugu mengine hugombania maji na mbolea na mahindi yako. Huyu ananyonya mahindi yenyewe, huko chini. Mbegu yake ni ndogo kama vumbi, na inaweza kukaa udongoni zaidi ya miaka kumi ikingoja. Mvua ikinyesha inalowa, lakini haiamki bado. Inangoja mzizi wa mahindi, mtama, wimbi au muwa upite karibu. Mzizi hutoa kitu fulani udongoni, na mbegu ya kayongo ikikipata inaota, inatoa kimzizi kidogo, inajishikiza kwenye mzizi wa mahindi na kuanza kunywa. Wazee walisema kikulacho ki nguoni mwako. Huyu amejificha ndani zaidi ya nguo.

Sasa angalieni jambo hili, maana ndilo linalotuponza. Wakati unapokiona kichwa cha kayongo kikitokeza juu ya ardhi, kimekwisha kula wiki kadhaa. Mahindi yamedumaa, majani ni ya njano, yananyauka hata kama udongo una maji. Jirani anasema umerogwa. Hujarogwa.

Basi je, kung'oa kuna faida gani? Mahindi ya msimu huu hayataokoka sana kwa kung'oa. Unang'oa kwa ajili ya msimu ujao na ule wa baadaye. Mmea mmoja tu wa kayongo unaweza kutoa mbegu 50,000 na zaidi. Ukiacha mimea kumi ikauke shambani, umepanda nusu milioni. Mfano wa magugu katika Mathayo 13 tunaujua sote, na yule mwenye shamba alisema yaachwe mpaka mavuno. Tafadhali, mfano ule unahusu hukumu, hauhusu kayongo! Huyu ang'olewe mara anapoanza kutoa maua, kabla maua hayajakauka na kushika mbegu. Usiyatupe njiani, usimpe ng'ombe, maana mbegu hupita tumboni na kurudi shambani pamoja na samadi. Choma, basi. Na vichwa vingine huchipuka baadaye, hata baada ya mavuno, kwa hiyo mzunguko mmoja wa kung'oa hautoshi.

Hapa kuna neno linalowahusu ninyi kama vikundi. Vumbi lile linatembea. Linapeperushwa na upepo, linabebwa na maji ya mvua kutoka shamba la juu, linashika kwenye jembe na kwenye miguu ya ng'ombe. Na linatembea pia kwa wema wetu. Mama mmoja anavuna, anarundika magunzi chini palepale kwenye kayongo iliyokauka, kisha anachagua mbegu nzuri na kumgawia mwenzake gorogoro moja. Amempa na mbegu ya adui bila kujua. Hatusemi mwache kugawiana. Tunasema, mahindi ya mbegu yavunwe moja kwa moja ndani ya gunia au kikapu, yaanikwe juu ya turubai, na yatoke katika shamba lisilo na ua hili. Jembe la kikundi lioshwe kabla ya kwenda kwa mwanachama mwingine. Ni jambo dogo, lakini tumeona watu wakicheka tunapolitaja.

Kuna zambarau nyingine shambani, na msichanganye. Mahindi machanga yakianza kuwa na rangi ya zambarau kwenye ncha na kingo za majani, hasa majani ya chini, mara nyingi ni njaa ya fosforasi. Baridi inaweza kuleta rangi hiyo pia, kisha ikapotea jua likiwaka. Isipopotea, udongo umechoka. Na udongo uliochoka ndio kayongo anaoupenda. Shamba lenye samadi ya kutosha huzaa hata kama kayongo yupo kidogo; shamba maskini hushindwa kabisa. Kwa hiyo msiseme mbolea ni habari nyingine. Asiye na pesa za mbolea ya dukani akate majani ya ile alizeti ya mwitu inayoota kwenye ua na kando ya barabara, ayafukie kabla ya kupanda. Yana chakula kingi. Kazi ya kubeba ni nzito, hatudanganyi, na kwa shamba kubwa haiwezekani. Kwa robo eka inawezekana.

Na si kila kitu cha zambarau ni adui. Mchicha wenye mashina ya zambarau unaoota wenyewe karibu na boma ni mboga, na wengi mnaung'oa na kuutupa huku mkienda kununua sukuma sokoni. Hayo tuyaache.

Tuje kwenye dawa yenyewe, ambayo nayo ina ua la zambarau hafifu. Ni desmodiamu, mmea unaotambaa, wa jamii ya maharagwe. Katika miaka ya 1990 wataalamu wa kituo cha ICIPE, kule Mbita kando ya ziwa, walikuwa wakitafuta njia ya kufukuza kipekecha shina katika mahindi. Walipanda desmodiamu katikati ya mistari kwa sababu harufu yake inamchukiza yule nondo, na wakazungushia majani ya nepia pembeni ili avutwe kule akatage mayai. Ndiyo maana njia hii inaitwa vuta-sukuma. Lakini wakaona jambo ambalo hawakulitafuta: palipokuwa na desmodiamu, kayongo alipungua sana.

Sababu yake ni hii. Mizizi ya desmodiamu inaidanganya mbegu ya kayongo. Inaiamsha kama mzizi wa mahindi unavyoiamsha, kisha inazuia kile kimzizi kisishike. Mbegu ikishaota na kukosa pa kunyonya, inakufa kwa siku chache. Kwa hiyo kila msimu akiba ile ya udongoni inapungua. Juu ya hayo, desmodiamu inarutubisha udongo, inafunika ardhi isichukuliwe na maji, na ni lishe nzuri ya ng'ombe wa maziwa na mbuzi. Tangu viwavijeshi walipoingia nchini mwaka 2017, mashamba ya vuta-sukuma yameonekana kudhurika kidogo kuliko mengine.

Ugumu upo. Mbegu yake ni ghali, na eka moja inataka kama kilo moja. Mbegu ni ndogo, kwa hiyo ichanganyeni na mchanga mkavu na mpande juu juu, sentimita moja au mbili tu. Msimu wa kwanza inakua polepole, na hapo palizi ni kazi ya mkono. Ukiichelewesha, magugu yataimeza. Wengi hukata tamaa hapo. Msimu wa kwanza msitarajie miujiza.

Kuna pia swali la ardhi, ambalo watu huogopa kulisema mkutanoni. Desmodiamu inakaa miaka. Aliyekodi shamba kwa msimu mmoja, au mjane ambaye mashemeji hawajakubaliana kuhusu sehemu yake, atapandaje kitu cha miaka? Huyo tusimlaumu. Apande soya au alizeti kwa misimu miwili mitatu, nayo pia huamsha mbegu za kayongo zikafa bure, au viazi vitamu na mihogo, ambavyo kayongo hawezi kuvinyonya. Na wazee wa kikundi wakaongee na hao mashemeji. Hiyo nayo ni kazi ya kupigana na kayongo.

Kwa wenye nafasi, tunashauri kikundi kianze na kipande kimoja tu, karibu na njia ambapo kila mtu ataona. Mahindi mistari ya sentimita 75, desmodiamu katikati yake, nepia mistari mitatu kuzunguka. Kama nepia ya kwenu ina ugonjwa wa kudumaa na kuwa ya njano, msichukue vipande vyake. Pandeni brakiaria badala yake. Msimu wa pili msilime na kugeuza udongo wote. Punguzeni desmodiamu kwa panga, mlishe mifugo, kisha mfungue mistari ya mahindi peke yake.

Mbegu ikinunuliwa kwa pesa za kikundi, isigawanywe kijiko kijiko hadi isimtoshe yeyote. Ipandwe pahali pamoja, ishike vizuri, na baadaye kila mwanachama akatiwe vipandikizi vya mashina siku za mvua. Siku hiyo kila mtu aje na gunia lililoloweshwa maji, maana vikikauka njiani haviwezi kushika.