Jina la Tuzo

Ndugu msikilizaji, leo nazungumzia filamu za ngono, kwa hiyo watoto watoke kidogo.

Huko Marekani waigizaji waliobadili jinsia waliuzwa kwa miaka mingi kama kioja, na tusi la mitaani likiandikwa kwenye jalada. Hata tuzo zao, zilizoanzishwa mwaka 2008, zilibeba tusi hilo hilo. Mshindi alipanda jukwaani kupongezwa kwa neno alilozomewa nalo barabarani! Mwaka 2014 jina likabadilishwa.

Biashara yenyewe siisifu. Lakini nami niliwahi kuwataja watu hawa hewani kwa neno la kebehi, fundi mitambo akacheka, nami nikacheka. Hakuna aliyepiga simu kulalamika. Kanda ya kipindi kile bado ninayo.